Umeme Utapita Kilumbi

Wako wasafiri wanaodai kwamba Jamhuri ya Mbioni haipo. Ipo. Aliyeitafuta kwenye ramani akaikosa, basi alikuwa ameshika ramani ya watu wengine.

Inaitwa Mbioni kwa sababu huko hakuna jambo lililokwama. Barabara ya kusini iko mbioni, maji ya bomba yako mbioni, madawati ya shule yako mbioni, na hata wale waliokula fedha za madawati, ukiuliza wako wapi, unajibiwa kwa upole kwamba nao wako mbioni. Raia wake ni watu wavumilivu sana. Wamezoea kuona vumbi la mambo kuliko mambo yenyewe, na wengine wameanza kulipenda.

Katika nchi hiyo aliishi Sadala Mwinyikondo, mtu wa makamo mwenye kitambi cha kiasi na tai ya kila siku, na cheo chake kilikuwa Mkurugenzi Msaidizi wa Maneno katika Wizara ya Umeme na Matumaini. Usicheke. Mbioni ina mafundi wa nyaya wachache na idara nzima ya maneno, kwa hoja kwamba waya ukikatika unaumia mtaa mmoja, lakini neno likikatika serikali yote inabaki gizani. Sadala ndiye aliyetunga kwamba umeme haukatiki, bali unakwenda kupumzika. Transfoma ya sokoni ilipolipuka na kuchoma vibanda vya mama ntilie, yeye ndiye aliyetangaza kwamba imestaafishwa kwa manufaa ya umma. Watu walimpenda kazini. Alikuwa mpole, msomi, na hakuwahi kuchelewa kikao.

Kwao kulikuwa Kilumbi, kijiji kilicho ukingoni mwa Mto Mwembero, na aliyemlea baada ya wazazi wake kufariki ni shangazi yake, Bi Somoe. Huyu mama alikuwa na mdomo, na alikuwa na maringo. Alimsomesha Sadala kwa kuuza maandazi na kugombana na watu, na tangu kijana aapishwe kuwa mtumishi wa umma, Kilumbi nzima haikupumua. Ikipita helikopta, "Mwanangu huyo." Mvua zikinyesha vizuri, Bi Somoe alikohoa kwa namna ya mtu anayemjua aliyeziagiza.

*

Kisa kilianza kwenye kikao, kama mikosi yote ya Mbioni. Bwawa la kufulia umeme lilikuwa kaskazini, jiji lilikuwa kusini, na katikati palilala Mto Mwembero, mpana kiasi kwamba ukiita ng'ambo huitikiwi. Waya hauruki mto wenyewe. Ilibidi pasimamishwe minara miwili mirefu, mmoja kila upande, ishikilie nyaya juu ya maji kama watu wawili wanaokamua shuka. Upande wa kaskazini palikuwa na mwamba. Upande wa kusini palikuwa na tope tupu, isipokuwa kilima kimoja kigumu, na juu ya kilima hicho palikuwa na nyumba ya Bi Somoe na mikorosho ya majirani zake.

"Wataulizia," alisema Waziri. Huyu aliitwa Mheshimiwa Profesa Injinia Kanali Mstaafu Gervas Kitundumo, na ilipasa yote yatamkwe, hata akipiga chafya. "Wakiona mnara tu, wataulizia kama na wao watapata."

Wataalamu wakaeleza kwamba hawatapata. Umeme wa minara ile ni mkali mno, haufai kuingizwa nyumbani mpaka upoozwe kwenye kituo chake, na kituo cha Kilumbi hakikuwamo kwenye mpango wala kwenye ndoto ya mtu yeyote.

"Sitaki kusema uongo," Waziri aliendelea, "siku hizi kila mtu ana kamera. Na ukweli sina mazoea nao. Nipeni neno la katikati."

Wakubwa wakatazama meza. Sadala akainua kalamu.

"Utapita, Mheshimiwa."

"Nini kitapita?"

"Tuseme hivi: umeme utapita Kilumbi. Hatujadanganya mtu. Si utapita kweli? Juu kwa juu."

Waziri alicheka mpaka akapigwapigwa mgongoni. Neno likapitishwa, chai ikaletwa, na Sadala akashikwa mkono na watu ambao kwa kawaida hawakumjua jina.

Lakini kuna jambo moja hakulisema kikaoni. Kwao Kilumbi, mgeni haambiwi "ingia". Ingia huambiwa mbuzi, na kuku magharibi ikikaribia. Mtu huambiwa "pita". Ukibisha hodi kwenye nyumba yoyote ya Kilumbi utasikia, "Pita, pita ndani, pita ukae," na ukishapita umekuwa wa hapo, utaletewa maji na utaulizwa habari za kwenu. Yule anayekwenda zake bila kusimama hawasemi amepita. Wanasema ameambaa, na wanalisema kwa kuvuta midomo. Sadala aliyajua haya kabla hajajua kusoma. Pale mezani akajiongezea sukari kwenye chai, akainywa.

*

Wakamtuma yeye. "Kikulacho ki nguoni mwako!" alisema Waziri kwa furaha akimsindikiza mlangoni, bila kukumbuka kwamba methali ile haikutungwa kumsifu mdudu.

Mkutano ulifanyika kwenye uwanja wa shule. Sadala alisimama mbele ya watu waliomjua akiwa hana kaptura, akasafisha koo, akasema serikali yao sikivu imewakumbuka.

"Ndugu zangu, umeme utapita Kilumbi."

Vigelegele vilipasuka. Kina mama walirusha khanga, na Bi Somoe, aliyekaa mstari wa mbele pasipo kualikwa na mtu, alisimama akageuka ili wote wamwone vizuri mlezi wa jambo lile. Alilia machozi hadharani na wala hakuyafuta.

Mtu mmoja tu ndiye hakushangilia. Huyo ni Likwata, mshona viatu, ambaye ujanani alimposa Bi Somoe akakataliwa, na tangu siku hiyo alikataa kila alichokubali Bi Somoe, hata kama ni dawa ya minyoo.

"Utapita," alisema Likwata. "Halafu?"

"Halafu nini, Likwata?" Bi Somoe akamgeukia mikono kiunoni. "Mgeni akiambiwa apite, halafu anafanyaje? Si anakaa! Anakula, anazoea nyumba! Au wako wewe unawaacha kizingitini, ndiyo maana hawarudi?"

Uwanja uliangua kicheko. Bi Somoe akakiacha kiishe, kisha akamtazama mtoto wake.

"Sadala, mwanangu, si ndivyo? Waambie wenye masikio mazito."

Watu wote wakamgeukia. Upepo ulikuwa unapeperusha karatasi zake na ilimbidi azishike. Angeweza kusema, Shangazi, keti kwanza, neno hili lina pande mbili. Angefukuzwa kazi, pengine, na angekula mihogo kwa muda. Badala yake aliangalia ncha za viatu vyake, ambavyo vilikuwa viatu vizuri sana.

"Utapita, Shangazi," alisema. "Serikali imesema utapita."

Kule kikaoni neno lilikuwa la wizara. Hapa lilikuwa lake mwenyewe, kalitia mdomoni akamlisha shangazi yake kwa mkono wake, na aibu ilimwanzia hapo hapo, ndogo, ya kukwaruza, kama mwiba wa samaki uliogoma kushuka. Alikohoa. Haukushuka.

"Kilima changu chukueni," alisema Bi Somoe mbele ya wote. "Wekeni hilo limnara lenu hata leo."

Na hakuishia kwake. Jioni ile na siku zilizofuata alikwenda mlango kwa mlango kwa wenye mikorosho, akabisha, akapita, akakaa. Waliosita aliwauliza nani anabangua korosho gizani. Waliosita zaidi aliwaambia maneno ambayo Sadala aliyasikia akiwa dirishani kwa shangazi alikofikia, na ambayo yalimfanya aombe gari lije mapema: "Huniamini mimi? Mtoto nimemlea mwenyewe. Likitokea la kutokea, njooni mnidai mimi."

*

Mikorosho ikakatwa. Nyumba ya kilimani ikabomolewa, na Bi Somoe akahamia bondeni, karibu na tope, ambako mbu walimpokea kwa ukarimu wote wa Kilumbi. Hakulalamika. Alisema anavumilia kwa ajili ya mgeni.

Kijiji nacho kikaanza kujiandaa. Kwa kuwa serikali ilikuwa imejitwisha kazi ngumu ya kujenga mnara, Kilumbi ikaona si adabu kukaa mikono mitupu. Vijana walikata miti iliyonyooka, wakaimenya magome, wakaisimika mmoja mmoja kuanzia chini ya kilima hadi kwenye kila nyumba. Mbuzi waliuzwa mjini, wakarudi wakiwa nyaya. Kuta za udongo zikatobolewa na kutiwa soketi na swichi, na watoto wakachapwa kwa kuchezea soketi ambazo ndani yake hamkuwa na kitu ila mchwa. Wanandoa fulani waligombana wiki nzima juu ya nani atakuwa upande wa swichi kitandani, mpaka wazee wa pande zote mbili wakaitwa.

Fundi mmoja wa mnara, mtu wa kuja, aliwaonea huruma. Akamwambia Bi Somoe kwamba umeme wa juu ni wa moto, haujapoozwa.

"Tutaupuliza," alijibu Bi Somoe. "Hata uji huja wa moto."

Mnara ukapanda. Ulikuwa na miguu minne ya chuma iliyokaa juu ya kilima kama mtu aliyechuchumaa kwenye kiti chako, na kichwa chake kilifika kwenye mawingu ya chini. Kila aliyeutazama sana alishikwa na kizunguzungu akajishika kwa jirani. Kuuzunguka wakaweka uzio, na kwenye uzio wakatundika kibao chenye fuvu na maandishi mekundu: HATARI. USIPITE.

Watu walikisoma kibao kile mara mbili. Serikali ilisema umeme utapita, na sasa serikali hiyo hiyo ilisema wao wasipite. Likwata alifurahi kwa mara ya kwanza mwaka ule. Lakini Bi Somoe alikuwa na jibu lake. "Bibi harusi akija, watu hawasimami katikati ya njia. Wanakaa pembeni. Hapo mnaambiwa mkae pembeni."

Kisha akaenda mahali penye mtandao, akampigia Sadala.

"Shikamoo, Shangazi."

"Marahaba, mwanangu. Hujambo? Wajukuu zangu? Sikiliza, nakuuliza, huu umeme unapenda chumba gani? Nimeuwekea cha mbele, chenye upepo. Au unaona tuuweke hadharani?"

Sadala alikuwa ofisini, peke yake, mlango umefungwa. Hakuna mkubwa aliyekuwa anamsikiliza. Simu ilikuwa na salio na shangazi yake alikuwa na muda.

"Chochote, Shangazi," alisema. "Cha mbele kinafaa."

*

Siku ya uzinduzi Waziri alishuka kwa helikopta, na upepo wa helikopta ukajaza mchanga kwenye masufuria ya pilau. Kina mama walichekelea, wakasema mgeni njoo, mwenyeji apone. Mahema yalikuwa yamewambwa. Bendi ya magereza ilikuwa imevaa. Juu ya meza, kwenye mto mwekundu, kilikaa kitufe cha fedha chenye waya mfupi ulioishia chini ya kitambaa bila kuunganishwa na kitu. Huo ni utaratibu wa Mbioni. Swichi yenyewe ilikuwa bwawani, na mwenye kuibonyeza alikuwa anasubiri kupigiwa simu.

Sadala ndiye aliyekuwa mshereheshaji. Alipopanda jukwaani akaona kitu ambacho hakuna aliyekuwa amemwandikia kwenye ratiba. Mbele ya meza kuu wanakijiji walikuwa wamesimika nguzo yao ya mwisho, nguzo fupi ya mti uliomenywa, na juu yake walining'iniza balbu moja iliyozungushiwa maua. Kutoka kwenye balbu waya ulikwenda nguzo hadi nguzo, mpaka kwenye uzio wa mnara. Pale ulipofika uzioni ulikuwa umezungushwa vizuri na kufungwa kwa kipande cha khanga mpya, kama kitovu cha mtoto, ukisubiri mtu mwenye mamlaka aupokee. Sadala alitazama kile kipande cha khanga akahisi uso unawaka. Alitamani kuwe na ajali ndogo, mvua, au mgomo, jambo lolote la kuahirisha.

Hakukuwa na lolote. Waziri akahutubia. Alisema historia inaandikwa. Alisema wanaobeza wabeze. Alisema mnara huu ni mrefu kuliko minara ya nchi jirani, na kwamba nchi jirani inajua. Kisha akabonyeza kitufe, msaidizi wake akapiga simu, na baada ya kitambo juu ya vichwa ukaanza mvumo mnene usiokatika, kama nyuki walio ndani ya ukuta.

"Umepita!" Waziri alipiga kelele. Bendi ikalipuka.

Kilumbi nzima iliitazama balbu.

Bendi ilimaliza wimbo. Ile balbu ilikaa na maua yake. Kijana mmoja akasogea akaitikisa, akaipangusa kwa shati, akaikaza kidogo, akarudi nyuma. Watoto walioinuliwa mabegani wakashushwa.

"Mnausikia?" Waziri alisema huku akinyoosha kidole mbinguni. "Sasa hivi, wananchi wenzangu, umeme unapita juu yenu kwa kasi isiyosemeka! Huko jijini, chemchemi ya Mzunguko wa Ushindi imeanza kurusha maji ya rangi. Nimetumiwa picha. Ya zambarau ni nzuri mno. Hongereni sana Kilumbi! Umeme umepita bila kupingwa, kama mimi mwenyewe nilivyopita!"

Makofi yalitoka kwenye hema la wageni tu.

Likwata akasimama. "Huko si kupita," alisema. "Huko ni kuambaa."

Hakuna aliyecheka. Lakini Likwata hakumgeukia Waziri. Nani humgeukia Waziri? Alimgeukia aliyekuwa karibu.

"Somoe. Ulikuja mlangoni kwangu. Nikakwambia pita, ukapita, ukakaa kwenye kiti changu ukaniambia nikate mikorosho, nami mara hiyo moja sikukataa. Umeme wako uko wapi?"

"Tuambie!" sauti zikaitika nyuma. "Ulisema tukudai wewe!" Walikuwa wanawake wenzake, waliozoea kusukana naye nywele, na hawakuwa wanatania.

Bi Somoe alikuwa amevaa khanga mpya, ile ile iliyochanwa kipande kufungia waya. Alimtazama Sadala. Hakuwa na hasira. Alimtazama kama alivyokuwa akimtazama siku za sherehe za shule, mtoto akiitwa mbele aghani shairi, naye mlezi anajua kwamba mtoto analijua, ni kungoja tu aanze.

Kipaza sauti kilikuwa mkononi mwa Sadala. Maneno aliyotakiwa kuyasema yalikuwa machache na mepesi, mtoto wa darasa la kwanza angeyaweza: shangazi hakuwadanganya, nimewadanganya mimi. Aliyaona yote. Akafungua kinywa. Waziri akakohoa, kikohozi kidogo tu, cha pembeni, na kipaza sauti kikalia mluzi.

"Ndugu wananchi," alisema Mkurugenzi Msaidizi wa Maneno, "suala la kupita, kwa tafsiri yake pana, na suala la kufika, kwa maana ya kufika, ni masuala mawili yanayokwenda sambamba, na hili la pili, napenda kuwahakikishia, liko mbioni."

Bi Somoe aliinamisha macho. Ilikuwa kwa muda mfupi tu. Kisha akajifunga khanga vizuri kiunoni, akatoka mbele ya watu, na akacheka, kile kicheko chake kikubwa cha kugombeza wateja wa maandazi.

"Jamani, mwacheni mtoto, yuko kazini! Alisema utapita, na si umepita? Mnausikia huo juu unavuma. Alisema utakaa? Hakusema. Kukaa nilisema mimi, kwa mdomo wangu huu. Mimi ndiye niliyepitiwa. Uzee huu. Nilipitiwa, jamani, mnisamehe. Likwata, na wewe nisamehe."

Likwata alikuwa ameingoja samahani ya mwanamke yule karibu maisha yake yote. Ilipomjia hakujua aishike vipi. Alikaa chini taratibu akaanza kukuna goti.

Waziri akapiga makofi, na msafara wote ukapiga.

*

Chakula kikapakuliwa. Bi Somoe mwenyewe alikuwa kwenye sufuria, na watu walimjia na sahani zao, wakapakuliwa, wakaondoka bila kumsemesha. Hata wale waliozoea kumwomba ukoko hawakuomba. Sadala alizunguka nyuma ya hema akamfikia.

"Shangazi."

"Umekonda," alisema Bi Somoe akichota. "Hawakulishi huko?"

"Shangazi, yale mambo ni ya kitaalamu. Kuna ngazi zake, kuna hatua, mimi ni mtu mdogo tu kati ya..."

"Mwanangu." Alimkatiza bila kuinua kichwa. "Siku ile uwanjani, nilipokuuliza mbele ya watu. Ulikuwa unajua?"

Sadala alikuwa na maneno ya kila aina. Alikuwa na maneno ya mafuriko na ya ukame, ya mawaziri walioiba na ya transfoma zilizoungua. Aliyatafuta yote, akabaki ameshika tai yake kwa mikono miwili.

Bi Somoe akatikisa kichwa kwamba amesikia.

"Basi usiseme," alisema kwa sauti ya chini. "Wasikusikie." Akamwongezea nyama, akamfungia sahani kwa kitambaa, akamnyoosha tai. "Nenda. Mkubwa wako anangoja, usimcheleweshe."

Alitaka kumwangukia miguuni. Nia hiyo alikuwa nayo, nami namtolea ushahidi. Lakini suruali ilikuwa nyeupe, wapiga picha walikuwa karibu, na injini ya helikopta ilikuwa imekwisha kuwaka.

*

Helikopta ilipanda, ikazunguka juu ya mto, na dirishani Sadala akaviona vyote kwa mara moja: minara miwili, nyaya zimelegea kidogo katikati juu ya maji, kilima kilichonyolewa mikorosho, na kule bondeni msururu wa nguzo fupi za miti. Watu wengine walikuwa wameshaanza kuzing'oa. Za kwanza kung'olewa zilikuwa zile zinazokwenda kwenye nyumba ya shangazi yake.

"Yule mama," Waziri alisema kwa sauti kubwa kushinda injini. Alikuwa na furaha, alikuwa amevua viatu.

"Naam, Mheshimiwa."

"Lile neno lake. Nilipitiwa." Akalirudia polepole, akilionja. "Unaona ukubwa wake? Kijiji kisicho na umeme ni aibu, watu wanauliza nani mwenye kosa. Lakini kijiji *kilichopitiwa*? Hapo hamna mwenye kosa. Mtu akipitiwa, amepitiwa! Tunavyo vijiji vingapi vya namna hiyo? Karibu vyote! Jumatatu nalitangaza bungeni. Vijiji vilivyopitiwa na umeme." Akamgeukia, macho yanang'aa. "Lile si neno la mwanakijiji. Mwinyikondo, sema kweli. Ni lako lile? Ulimfundisha wewe?"

Sahani aliyofungiwa ilikuwa mapajani mwake. Pilau ilikuwa bado ya moto, na moto wake ulipenya kitambaa na suruali mpaka kwenye ngozi.

"Ndiyo, Mheshimiwa," alisema Sadala. "Ni langu."